Mbio Zikipita Mlangoni, Nani Ameulizwa?

 Jioni ya leo nakuletea habari za mbio za magari, na najua wapo mnaouliza: Ipuli yetu ya hapa Tabora na mbio za magari, wapi na wapi? Hapa kwetu magari tunayoyajua ni Noah na Hiace za abiria, malori ya tumbaku kutoka Urambo na Kaliua, mabasi ya mikoani, na bodaboda zisizo na idadi. Lakini nitegee sikio. Mji huu wa Tabora ulizaliwa na njia. Misafara ilitoka Bagamoyo, ikakata Ugogo, ikaingia Unyanyembe, ikapumzika Kwihara, kisha ikagawanyika, hawa wakashika njia ya Ujiji, wale ya Karagwe na Buganda. Kwa hiyo habari ya mtu anayepita kwa haraka na mtu aliyekaa kando ya njia ni habari ya nyumbani. Sisi ndio tuliokaa kando ya njia, vizazi na vizazi.

Mbio ninazotaka tuziangalie ni Safari Rally. Vijana mnazijua kwa Naivasha na vumbi lake. Wazee mnazijua kwa namna nyingine, maana zamani hazikuwa za Kenya peke yake. Zilianza tarehe 27 Mei 1953 kwa jina la East African Coronation Safari, kusherehekea kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili wa Uingereza, zikapita Kenya, Uganda na Tanganyika. Mwandaaji alikuwa Eric Cecil, mkazi wa Kenya, na wazo lilitoka kwa binamu yake Neil Vincent, ambaye hakuona raha ya kuzunguka uwanja mmoja mara mia. Yeye alitaka mtu aingie garini, afunge mlango, avuke nusu ya Afrika, na atakayetangulia kurudi ndiye mshindi. Mwaka 1960 zikaitwa East African Safari. Mwaka 1972 zilianzia na kuishia Dar es Salaam. Mwaka 1973 zikaingia katika ubingwa wa dunia, na kuanzia 1974 zikabaki Kenya tu.

Niseme mapema ili tusije tukaelewana vibaya: mimi nazipenda mbio hizi. Nani asingependa habari ya mwaka 1963, mvua imeshuka mpaka barabara zimegeuka mito ya tope, magari 84 yameondoka na 7 tu ndiyo yamerudi? Na miaka 5 baadaye, mwaka 1968, yakarudi 7 tena! Nani asingempenda Joginder Singh, fundi magari wa Kenya, Kalasinga aliyeshinda mwaka 1965 pamoja na nduguye Jaswant kwa Volvo iliyokwishatumika, halafu akashinda tena 1974 na 1976, watu wakamwita Simba? Na hapa kwetu Tanzania tulikuwa na Bert Shankland wa Dar es Salaam, aliyechukua ushindi mara mbili mfululizo, 1966 na 1967, kwa Peugeot 404. Peugeot ile ile iliyokuwa teksi, iliyobeba wagonjwa, iliyobeba maharusi. Watu walijua gari lililoshinda ni gari wanaloliona mjini kila siku, na hiyo ilikuwa sehemu kubwa ya utamu wake. Wageni kutoka Ulaya, pamoja na viwanda vyao na fedha zao, walikuja mwaka baada ya mwaka wakashindwa na wenyeji, hadi Hannu Mikkola wa Finland alipofungua mlango mwaka 1972. Mwaka uliofuata Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda, akaurudisha ushindi nyumbani kwa namna ya ajabu: yeye na Harry Källström wa Sweden walilingana alama, na Mehta akapewa ushindi kwa sababu ndiye aliyekwenda mbali zaidi kabla ya kupata adhabu ya kwanza. Mehta alishinda mara 5 kwa jumla. Hakuna aliyempita.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe.

Mbio nyingi za namna hii duniani huendeshwa kwa vipande. Barabara fulani inafungwa, watu wanaondolewa, gari linapita kwa kasi yote, kisha barabara inafunguliwa. Safari haikuwa hivyo. Kwa karibu miaka 50, tangu 1953 mpaka ilipotoka katika ubingwa wa dunia baada ya mwaka 2002, barabara zake zilikuwa wazi. Gari la mbio lilipita katika barabara ile ile yenye basi la abiria, mkokoteni wa punda, mama anayetoka kisimani, mtoto anayerudi shule, ng'ombe wanaovushwa kwenda kunywa maji. Kwa miaka mingi njia ilikuwa na urefu wa kilomita 5,000 na zaidi, mchana na usiku, kwa siku 4 au 5. Waandaaji walisema, na walisema kweli, kwamba barabara ndefu kiasi hicho haiwezi kufungwa. Lakini angalia hoja hiyo inakotupeleka. Kwa kuwa hatuwezi kumlinda mtu wa kando ya njia, basi tupite hivyo hivyo, yeye atajua la kufanya. Mimi ningeifuata hoja hiyo hiyo hadi mwisho mwingine: kama barabara haiwezi kufungwa, mbio hazifai kupita hapo.

Timu kubwa zilitafuta dawa yao. Walileta helikopta. Helikopta iliruka mbele ya gari, na mtu aliyekuwa juu alimwambia dereva kwa redio: kuna lori mbele, kuna kundi la mbuzi, punguza, sasa kanyaga. Magari nayo yalifungwa vyuma vizito mbele ya bampa, na taa za ziada pembeni ya kioo. Ukitazama picha, magari yale yanapendeza sana. Lakini jiulize, helikopta ilikuwa ya nani? Ilikuwa ya kiwanda chenye fedha. Dereva wa kawaida, mwenye gereji yake Nairobi au Dar es Salaam, aliyeingia mbio kwa gari lake mwenyewe, hakuwa na helikopta. Alikuwa na honi na taa. Kwa hiyo usalama wa mchunga ng'ombe ulitegemea ni gari gani limemkuta barabarani. Kama ni la kiwanda, alikuwa na mlinzi angani. Kama ni la mtu binafsi, alikuwa na masikio yake tu. Na chombo cha angani chenyewe hakikuwa salama. Mwaka 1987, katika mbio za Ivory Coast, ndege ndogo ya timu ya Toyota ilianguka ikaua waliokuwamo, akiwemo Henry Liddon, mtu aliyeheshimiwa mno katika mchezo huo, na Toyota wakajiondoa.

Nataka sasa tutoke Afrika kidogo, twende Ureno, kwa sababu ni huko ambako ugomvi huu wa mpitaji na aliye kando ya njia ulipasuka mbele ya macho ya dunia.

Ni mwanzoni mwa Machi 1986. Mbio za Ureno zinaanza katika milima ya Sintra, karibu na Lisbon. Magari ya wakati huo yaliitwa Kundi B: mepesi, yenye nguvu kupita kiasi, kasi yake ikizidi uwezo wa macho na mikono ya binadamu. Na watu wa Ureno walizipenda mbio hizo kwa wazimu wa kweli. Walijaa barabarani, katikati ya barabara kabisa, wakalisubiri gari mpaka likaribie, ndipo wanafungua njia kama pazia, wengine wakinyoosha mkono waliguse linapopita. Madereva walikuwa wakilalamika juu ya jambo hili tangu zamani. Siku ile Joaquim Santos, Mreno, akiendesha Ford RS200, alijaribu kuwakwepa watu waliokuwa barabarani, gari likamshinda, likaingia kwenye umati. Watu 3 walikufa na zaidi ya 30 wakajeruhiwa.

Sikiliza kilichofuata. Madereva wa timu za viwanda wakakutana hotelini, Estoril. Hawa ni watu waliokuwa wakishindana kufa na kupona, hawapendani wakiwa garini, lakini jioni ile walikaa pamoja wakaandika tamko, wakatia saini, wakasema hawaendelei. Wakasema hawawezi kuuhakikishia umati usalama wake, na kwamba gari liliacha njia kwa sababu ya watu waliokuwa barabarani. Waandaaji na wakuu wa mchezo hawakufurahi. Mbio hazikusimama. Ziliendelea na madereva waliobaki, na mshindi akapatikana, Joaquim Moutinho na Renault 5 Turbo. Jina lake limo katika vitabu vya kumbukumbu mpaka leo. Wiki chache tu baadaye, wakati wa Pasaka, magari ya Kundi B yalikuwa Kenya katika Safari, barabara zikiwa wazi vile vile, na Björn Waldegård wa Sweden akashinda kwa Toyota.

Halafu ikafika tarehe 2 Mei, katika kisiwa cha Corsica. Henri Toivonen wa Finland, kijana wa miaka 29, mmoja wa wale waliojitoa Ureno, alikuwa anaongoza mbio. Gari lake, Lancia Delta S4, likatoka nje ya njia kwenye kona, likaporomoka bondeni na kuwaka moto. Yeye na msoma ramani wake, Sergio Cresto, wakafa humo humo. Lancia hiyo iliungua ikabaki mifupa ya chuma. Na hapo ndipo uamuzi ulipotoka, tena haraka sana. Jean-Marie Balestre, aliyekuwa mkuu wa mchezo huo duniani, akatangaza mara moja kwamba Kundi B litapigwa marufuku kuanzia mwaka 1987.

Mimi simkosoi Balestre kwa kupiga marufuku. Alifanya vyema. Na sidharau uchungu wa madereva wala wa familia zao. Uganda wanaujua uchungu huo, maana mwaka 2009 walimpoteza dereva Riyaz Kurji katika mbio zao za Pearl of Africa. Swali langu ni moja. Watu 3 wa Sintra walipokufa, mbio ziliendelea na kanuni zikabaki kama zilivyo. Wawili wa Corsica walipokufa, kanuni zilibadilika mara moja. Kwa nini? Waliokufa Sintra hawakuwa na damu nyepesi kuliko ya wengine. Lakini hawakuwa na timu, wala mkataba, wala kiwanda cha kuwasemea. Waliowasemea ni madereva, kwa saini zao, na hawakusikilizwa.

Ukidhani hilo lilikuwa jambo la mwaka mmoja, tazama mbio za Dakar. Mbio hizo alizianzisha Mfaransa Thierry Sabine, zikaondoka Paris mwishoni mwa mwaka 1978, zikavuka jangwa la Sahara hadi pwani ya Senegal. Sabine mwenyewe alikufa Januari 1986 nchini Mali, helikopta yake ilipoanguka, pamoja na mwimbaji Daniel Balavoine na wengine 3. Ndiyo, mwaka ule ule wa 1986. Lakini ukiacha majina haya makubwa, mbio za Dakar ziliacha nyuma makaburi mengine vijijini, ya watoto. Mwaka 1988 mtoto wa kike aligongwa na kuuawa huko Mali. Januari 2006 ilikuwa mbaya zaidi: mtoto mmoja wa kiume aligongwa akafa nchini Guinea, na siku iliyofuata mwingine akagongwa na lori la msafara wa mbio nchini Senegal, naye akafa. Mbio zilikuwa zimekaribia kwisha. Hazikufutwa.

Je, mbio hizo ziliwahi kufutwa? Zilifutwa. Mwezi Desemba 2007 watalii 4 wa Kifaransa waliuawa Mauritania, na Januari 2008, siku moja kabla ya kuondoka, mbio zote zikafutwa. Mwaka 2009 zikahamia Amerika Kusini, na tangu 2020 ziko Saudi Arabia. Sina neno na uamuzi wa kufuta. Mtu anapotishiwa kuuawa, asiende. Ninachokiona ni kwamba kumbe kufuta kuliwezekana. Kumbe mikataba ya televisheni huvunjwa, na wadhamini huelezwa wakaelewa. Tuliambiwa miaka yote kwamba jambo hilo ni kubwa mno kusimamishwa, na likasimama ndani ya siku moja, ilipokuwa hatari ni ya wapitaji na si ya wapitiwa.

Hapo ndipo ninaporudi nyumbani, Tabora. Zamani wapitaji wa njia yetu hawakupita bure. Msafara ulipoingia katika nchi ya mtemi, kirangozi aliyetangulia na bendera alisimama. Mkuu wa msafara akatuma watu kwa mtemi. Wakajadiliana siku nzima, pengine siku 3, juu ya hongo: nguo kiasi gani, shanga za namna gani, waya kiasi gani. Ugogo ilisifika kwa hongo kubwa, na Wazungu waliopita karne ile ya 19 walijaza vitabu vyao kwa manung'uniko juu ya jambo hilo. Waliona ni unyang'anyi. Mara nyingine ulikuwa unyang'anyi kweli, sitaki kuupaka rangi. Wala sitaki kuisifia misafara yenyewe. Ilibeba pembe za ndovu, ilibeba watu waliofungwa minyororo, na mpagazi wa Kinyamwezi aliyebeba frasila 2 begani akishindwa njiani alibaki njiani. Ulikuwa wakati mgumu.

Hata hivyo, kulikuwa na jambo moja ambalo tumelipoteza. Anayepita alilazimika kusema na mwenye njia kabla hajapita. Na mwenye njia alikuwa na uwezo wa kukataa. Mwaka 1871 Mtemi Mirambo alipogombana na Waarabu wa Unyanyembe, aliifunga njia ya Ujiji. Henry Stanley alikuwepo hapa, ana haraka zake za kumtafuta Livingstone, ana fedha za gazeti la Marekani nyuma yake, akajiunga na vita upande wa Waarabu, wakapigwa. Ikambidi azunguke kusini, mbali sana, ndipo afike Ujiji. Mwenye haraka alizungushwa kwa sababu mwenye nchi alisema hapana. Sasa niambie, katika miaka 50 ya Safari, ni kijiji gani kiliwahi kuulizwa? Ni mzee gani wa mtaa aliyewahi kuwekewa ramani mezani akaambiwa: tutapita hapa siku fulani saa fulani, mtaridhia au hamtaridhia?

Turudi Kenya. Mwaka 2021, mwezi Juni, Safari ilirudi katika ubingwa wa dunia baada ya miaka 19. Sébastien Ogier wa Ufaransa alishinda. Lakini haikuwa Safari ya zamani. Vipande 18, jumla kilomita 320 hivi za mashindano, vingi ndani ya mashamba makubwa na hifadhi za kuzunguka Naivasha na Elmenteita, barabara zimefungwa, walinzi wamesimama, watazamaji wamewekewa sehemu zao. Kutoka kilomita 5,000 hadi 320! Wakongwe wengi wamehuzunika. Wanasema roho ya Safari imekufa, kwamba ile ilikuwa safari ya kweli na hii ni mchezo wa shambani. Nimewasikiliza kwa heshima, na sehemu ya moyo wangu inawaelewa, maana mtu wa kijijini haoni tena gari la mbio likipita karibu na nyumba yake. Lakini nasema wazi: hasara hiyo ni ndogo, na faida yake ni kubwa. Kama roho ya mbio ilikuwa ni kumkuta mama na ndoo yake kichwani kwenye kona, basi roho hiyo iache ipumzike.

Wapo wanaosema, wewe mtangazaji, mbio zinaleta wageni, hoteli zinajaa, vijana wanauza chakula na fulana. Ni kweli, na ni jambo jema. Naivasha hoteli hujaa siku zile. Lakini hesabu ya mapato isomwe pamoja na hesabu nyingine. Ng'ombe akigongwa nani analipa, kwa bei gani, na baada ya muda gani? Mtoto akivunjika mguu, gari la wagonjwa liko wapi? Hospitali ya karibu ina damu ya kutosha wiki ile?

Nawasikia tena wasikilizaji wangu wa Ipuli. Mnasema, hayo ni ya Naivasha na Ureno, sisi hatuna mbio. Tunazo. Tunazo kila siku, na hazina bendera wala zawadi. Nani kati yetu hajapanda basi likakutana na basi jingine la njia ile ile, madereva wakaanza ligi? Mnalijua neno hilo. Hili linapita, lile linapita, makonda wanapungiana mikono dirishani, na ndani ya basi abiria wamegawanyika pande mbili. Kuna mama anayemwomba dereva kwa sauti ya kutetemeka, mwanangu punguza, tuna watoto humu. Na kuna vijana wa viti vya nyuma wanaopiga kelele, suka kanyaga, usikubali, mwache huyo! Mama anaambiwa kama anaogopa ashuke. Aliyeogopa kwa haki ndiye anayeaibishwa.

Mkoa wetu umekwishalipa bei ya barabara. Tarehe 19 Agosti 2014, kule Mlogolo, wilayani Sikonge, mabasi mawili yaligongana uso kwa uso. Walikufa watu zaidi ya 10, na majeruhi wakawa wengi mno. Wiki chache baadaye, Septemba mwaka huo huo, mkoani Mara, mabasi mawili mengine yaligongana na watu zaidi ya 30 wakafa. Siyataji haya kuwahukumu madereva wale, na sisemi yalikuwa yanashindana. Nayataja kwa sababu barabara zetu ni nyembamba, kosa la mtu mmoja ni msiba wa wilaya nzima, na anayeligeuza lori au basi kuwa gari la mbio anacheza na misiba ya namna hiyo.

Tangu wakati huo yapo yaliyofanyika. Mabasi ya mikoani yamewekewa kifaa cha VTS kinachotoa taarifa kwa LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini, basi likizidi mwendo. Basi halitakiwi kuzidi kilomita 80 kwa saa, na penye makazi mwisho ni 50. Trafiki wana tochi zao za kupima mwendo. Vijijini tumewekewa matuta na rasta. Na tangu Oktoba 2023 mabasi yanaruhusiwa tena kusafiri usiku, baada ya miaka mingi ya marufuku, jambo ambalo wafanyabiashara wa Tabora wamelifurahia, na mimi pia, maana safari ya Dar es Salaam ni ndefu. Lakini dereva anajua tochi iko wapi. Wanapeana ishara kwa taa. Akiisha kuipita, ligi inaendelea. Na lami imefika sehemu nyingi ambako zamani vumbi lenyewe lilimlazimisha mtu kupunguza. Lami ni neema. Lakini mtoto wa Ipuli aliyezoea kuvuka akilisikia lori la vumbi likija kwa mbali, sasa anavuka mbele ya basi linalofika kabla hajamaliza kugeuza shingo.

Naiweka Safari Rally na ligi ya mabasi katika mazungumzo ya jioni moja kwa sababu jambo lililoharibika ni lile lile. Mwenye mwendo amejichagulia hatari yake. Dereva wa mbio amevaa kofia ngumu, amefungwa mikanda, gari lake lina vyuma ndani ya kumkinga, amesaini karatasi akijua anachofanya. Dereva wa ligi naye amejichagulia, ingawa hajavaa kitu. Aliye kando ya njia hajachagua lolote, na kila mahali, Sintra, Mali, Guinea, anaombwa awe mwangalifu. Ndiye anayepewa mahubiri. Watoto wanafundishwa shuleni kuangalia kulia, kushoto, na kulia tena, na ni sawa wafundishwe. Lakini nani amemfundisha mwenye gari kwamba kijiji si sehemu ya uwanja?

Nimeulizwa na kijana mmoja, mpenzi wa mbio, hivi mzee, chama cha mbio za magari kikisema kinaleta mashindano Tabora, utakubali? Ndiyo, nitakubali, na nitakuja kutazama na wajukuu. Misitu yetu ya miombo ina njia nzuri za mchanga ambazo dereva yeyote angezitamani. Lakini waje kama walivyokuja wenye misafara, wasimame kwanza. Waanzie kwa mwenyekiti wa mtaa na mtendaji wa kata, waitishe mkutano wa hadhara, waeleze kwa Kiswahili na kwa Kinyamwezi ni barabara gani itafungwa, saa ngapi hadi saa ngapi, na wafugaji waulizwe ng'ombe wao hunywa maji saa ngapi ndipo saa hizo zipangwe. Mkutano ukisema njia hii hapana, ramani ichorwe upya. Bima iwepo ya mtu na ya mfugo, na fedha yake iwe imewekwa benki hapa hapa Tabora kabla gari la kwanza halijashuka kwenye lori, ili mtu asije akafuatilia fidia ya mbuzi wake hadi Dar es Salaam. Na nguvu ya kusimamisha mbio asipewe mtu anayeuza tiketi wala anayelipwa na wadhamini. Apewe mganga mkuu wa mkoa pamoja na kamanda wa polisi, kila mmoja kwa neno lake peke yake, bila kuitisha kikao. Akisema basi, magari yazimwe pale pale yalipo, hata kama mshindi hajapatikana na watu wa televisheni wamekwishalipia saa yao.